Mlima Unaopiga Hodi

Mvuvi wa Kagunga hasukumi mtumbwi majini kabla ya kuutazama upepo. Vivyo hivyo, watu wakaao juu ya ardhi isiyotulia hawana budi kuisoma ardhi hiyo.

Tuutazame Karthala, mlima wa moto wenye urefu wa mita 2,361 katika kisiwa cha Ngazidja, nchini Komoro. Mwaka 1977 mawe yaliyoyeyuka yalitiririka na kuangamiza nyumba za kijiji cha Singani. Mwaka 2005 mlima ulilipuka mara mbili, Aprili na Novemba. Majivu yakachafua maji ya mvua ndani ya mabirika ya wananchi. Tangu 1988 wataalamu walikuwa wameweka vyombo vya kupima mitetemo, kwa maana mwamba ulioyeyuka huvunja njia yake chini kabla ya kutokeza juu.

Yatuhusu nini sisi wa Kigoma? Ziwa letu limelala katika ufa mkubwa wa Afrika, na tarehe 5 Desemba 2005 lilitikiswa na tetemeko kubwa. Tetemeko halipigi hodi. Lakini vyombo hutuonyesha mahali litikisapo mara kwa mara, tupate kujenga nyumba imara. Basi twasema: fedha ya elimu hii si anasa, ni ulinzi wa mfanyakazi na mkulima.