Mila za Wafuatiliaji wa Visahani Vinavyoruka

Miongoni mwa jamii ndogo zilizochipuka Uingereza baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia, jamii ya wafuatiliaji wa visahani vinavyoruka, yaani vyombo vya angani visivyotambulika, haikuwa na ukoo wala kijiji, na kwa sababu hiyo desturi zake zilikulia ndani ya jarida. Jarida hilo, Flying Saucer Review, lilianza kuchapishwa London mwaka 1955, miaka minane baada ya rubani Mmarekani Kenneth Arnold kutangaza kwamba ameona vitu tisa vikipita kwa kasi karibu na mlima Rainier. Mhariri wake wa kwanza, Derek Dempster, alikuwa amewahi kurusha ndege za jeshi, lakini ni chini ya Charles Bowen, aliyeshika uhariri mwaka 1964, ndipo desturi hizo zilipokomaa.

Kiini chake kilikuwa ushuhuda. Shahidi alifuatwa kwake, akaulizwa saa, hali ya hewa na upande kitu kilikoelekea, akaombwa akichore, na maelezo yake yakachapishwa bila kejeli. Mwandishi Mfaransa Aimé Michel, kwa mfano, alishughulikia kwa makini kisa cha mkulima wa lavenda wa Valensole, kusini mwa Ufaransa, aliyedai mwaka 1965 kwamba alikuta chombo kimetua shambani mwake na viumbe wafupi kando yake. Heshima hiyo kwa shahidi ndiyo iliyowapa watu ujasiri wa kusema waliyoyaficha majirani wasiwacheke, ingawa, ni haki kukiri, ilifungua pia mlango kwa visa ambavyo mhariri mkali zaidi angevikataa.

Desturi ya pili ilikuwa mkesha. Katika mji wa Warminster, ambako sauti na mianga isiyoelezeka ilianza kuripotiwa mwishoni mwa 1964, watu walikusanyika usiku juu ya kilima cha Cradle Hill wakiikodolea macho mbingu. Kwamba viwanja vya mazoezi ya jeshi, pamoja na fataki zake za kumulika, vilikuwa jirani, hakukuwavunja moyo, kwa kuwa mkesha uliwakutanisha watu ambao kwa kawaida walifahamiana kwa barua tu.

Mabadiliko makubwa ya kifikra yaliletwa na Gordon Creighton, mwanadiplomasia mstaafu aliyejua lugha nyingi na ambaye tafsiri zake ziliwafikishia wasomaji wa Kiingereza visa vya Amerika ya Kusini. Alipokuwa mhariri, kuanzia 1982, alishikilia kwamba wengi wa viumbe walioripotiwa na mashahidi si wasafiri kutoka sayari nyingine bali ni majini, yaani viumbe walioumbwa kwa moto, wasioonekana na wenye uwezo wa kujigeuza, kama wanavyoelezwa katika Uislamu. Msomaji wa mwambao wa Afrika Mashariki hahitaji kufafanuliwa majini. Linalomshangaza ni kuyakuta London, katika jarida lililoanza na rubani na lugha ya uchunguzi. Hata hivyo hoja hiyo ilikuwa na mantiki yake, kwa maana mashahidi walikuwa wakieleza vitu vinavyotokea ghafla, vikabadilika umbo na kutoweka bila kuacha hata kipande cha chuma, tabia ambazo nadharia ya vyombo vya sayari nyingine ilizieleza kwa shida. Creighton aliendelea kulihariri jarida hilo akiwa na msimamo huo hadi alipofariki mwaka 2003.