Damu Ikishuka Hadi Nne

Msimu wa malaria, katika wodi za watoto, utasikia wauguzi wakisema damu ya fulani ni saba, ya mwenzake ni tano. Ni gramu za himoglobini kwa kila desilita. Mtoto mwenye afya huwa na 11 kwenda juu. Malaria kali humshusha hadi 4 kwa siku chache tu, naye huhema kama aliyekimbia ilhali amelala.

Wazazi wengi huhangaika damu itapatikana wapi. Kwa Mashahidi wa Yehova hangaiko ni jingine. Tangu 1945 wanafundishwa kwamba agizo la kujiepusha na damu, katika Matendo ya Mitume sura ya 15, linahusu pia damu inayopitia mshipani. Si kwamba hawampendi mtoto wao. Huomba dawa nyingine yoyote, na mara nyingi huuliza kuhusu madini ya chuma. Madini ya chuma yanataka wiki kadhaa. Mtoto huyu ana saa chache tu.

Sheria haina kigugumizi. Sheria ya Mtoto ya Tanzania, ya 2009, inakataza kumnyima mtoto matibabu. Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua mwaka 1944 kwamba mzazi ana hiari ya kujitoa mhanga mwenyewe, si kumtoa mwanawe (kesi yenyewe, ajabu, ilihusu mtoto kugawa majarida ya dini barabarani). Lakini saa tisa usiku hakimu amelala.

Utafiti wa Uganda na Malawi uliochapishwa 2019 umeonyesha njia ambayo pande zote mbili, madaktari na wazazi, huipita. Watoto wenye damu kati ya 4 na 6, wasio na dalili za hatari, waligawanywa: wengine wakaongezewa damu papo hapo, wengine wakasubirishwa chini ya uangalizi. Vifo havikutofautiana, ingawa karibu nusu ya waliosubiri hatimaye waliongezewa.

Kwa hiyo daktari anayeita polisi damu ikiwa tano na nusu, mtoto akiwa ametulia, amejinyima muda wa kuzungumza. Na mzazi anayemwondoa mtoto wodini akamwombee nyumbani amemnyima ule uangalizi uliowaokoa waliosubiri. Damu ikishuka chini ya 4, au mtoto akianza kuhema kwa shida, pingamizi la wazazi liandikwe kwenye faili, damu itundikwe.