Mcheza Kwao Asiyetunzwa

Wahenga wametuachia neno kwamba mcheza kwao hutunzwa. Neno hilo husimama pale tu ambapo kwao mtu pana insafu. Ikikosekana insafu, mcheza kwao hunyimwa hata uwanja, akaenda kutunzwa ugenini. Hayo ndiyo yaliyompata Basil D'Oliveira, mzaliwa wa Cape Town, Afrika ya Kusini, aliyeichezea kriketi Uingereza.

D'Oliveira alikulia Signal Hill. Makaburu walimwandika katika kundi waliloliita la machotara, na kwa muhuri huo akafungiwa mlango wa timu ya taifa, iliyokuwa ya weupe peke yao. Yeye na wenzake walicheza juu ya mikeka iliyotandikwa kwenye ardhi mbovu. Katika uwanja mkubwa wa Newlands aliingia kama mtazamaji tu, na hata hapo akaketi mahali walipotengewa wasio weupe. Hata hivyo hakuvunjika moyo. Mwaka 1958 aliiongoza timu ya wachezaji wasio weupe wa nchi yake kuja kucheza Afrika Mashariki. Kwa hiyo viwanja vya huku kwetu vilimpokea akiwa nahodha miaka minane kabla ya Uingereza kumwita katika timu yake.

Alimwandikia barua mtangazaji John Arlott wa Uingereza, akimwomba amtafutie kazi ya kucheza. Subira ilizaa matunda mwaka 1960, klabu ya Middleton ya Lancashire ilipompa mkataba. Alipata uraia wa Uingereza, akajiunga na Worcestershire mwaka 1964, na mwaka 1966 akaichezea Uingereza kwa mara ya kwanza, dhidi ya West Indies. Hadi alipomaliza alikuwa amecheza mechi za Test 44, akapata mikimbio 2,484 na wiketi 47.

Mtihani mkubwa ulimfika mwaka 1968. Mwezi wa Agosti, katika uwanja wa Oval, aliwapiga Australia mikimbio 158. Siku chache baadaye wateuzi wakatangaza timu ya kwenda Afrika ya Kusini, na jina lake halimo! Wateuzi walisema wameangalia mchezo tu. Lakini baadaye ilibainika kwamba baadhi ya wakuu wa chama cha MCC walikuwa wamekwisha arifiwa mapema kuwa Waziri Mkuu Vorster hatampokea mchezaji huyo. Mwenzake Tom Cartwright alipojitoa kwa kuumia, ndipo D'Oliveira alipoitwa. Vorster akakataa, na ziara ikavunjwa mwezi wa Septemba.

Dhulma ile ilijifunua yenyewe mbele ya ulimwengu. Ziara ya Makaburu nchini Uingereza mwaka 1970 nayo ilifutwa, na Afrika ya Kusini ikakaa nje ya kriketi rasmi ya kimataifa hadi mwaka 1991.

Tunayasimulia haya kwa sababu yanatuhusu. Hapa visiwani nako, enzi za ukoloni, vilabu viligawanywa kwa rangi na asili. Mgawanyo ule tumeukataa, lakini ubaguzi una sura nyingi. Kiongozi wa mchezo anayemwacha kijana hodari kwa kuwa ni wa shamba, au kwa kuwa hana mjomba ofisini, amefanya kama wale walioogopa kumuudhi Vorster. Timu ni amana, na mwenye kuteua ataulizwa. Vijana wetu wanapovuka bahari kutafuta riziki ya michezo tusiharakishe kuwalaumu. Kwanza tujiulize kama tuliwapa uwanja.

D'Oliveira alifariki mwaka 2011. Tangu ziara ya mwaka 2004, Uingereza na Afrika ya Kusini zinapokutana katika Test hushindania kombe lenye jina lake: nchi iliyomkataa na nchi iliyompokea. Heshima hiyo ni njema, lakini imekuja baada ya miguu yake kuchoka. Sisi tusingoje kuwaenzi vijana wetu kwa makombe yenye majina yao. Tuwateue leo, wangali na nguvu za kukimbia.