Je, Wajua? Pointi Saba za Dar na Pointi Saba za Nairobi

Je, wajua kwamba pointi 7 hupigiwa vigelegele Tanzania, na Kenya zikamliza mzazi? Katika mtihani wa kidato cha nne Tanzania, A ni pointi 1, B 2, C 3, D 4 na F 5. Hujumlishwa masomo saba ambayo mtahiniwa amefanya vizuri zaidi, kwa hiyo mwenye A zote saba anapata divisheni wani ya pointi 7, na juu ya hapo hakuna kitu. Vuka mpaka pale Namanga, hesabu inageuka kichwa chini miguu juu. A ya KCSE, mtihani wa kidato cha nne wa Kenya, ni pointi 12, E ni 1. Pointi 7 huko maana yake ni E tupu, somo la kwanza hadi la saba. Aliye kileleni ana 84.

Na nchi hizi, pamoja na Uganda, zilikuwa chini ya paa moja! Baraza la Mitihani la Afrika Mashariki lilianza 1967, Tanzania ikajitoa 1971 na kuunda baraza lake, NECTA, kwa sheria ya 1973. Kenya ikapata baraza lake 1980. Uganda ndiyo inayonishangaza zaidi: kwa miaka mingi kidato cha nne bingwa alikuwa na pointi 8, akifika kidato cha sita bingwa ana 20.

Kongo wao huhesabu kwa asilimia. Kwenye mtihani wa taifa wa kumaliza sekondari, alama ya kufaulu ni 50, na anayefaulu humwagiwa poda nyeupe kichwani na usoni, mtaa mzima ujue.

Chuoni mtego ni GPA, yaani wastani wa alama. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam hupima kwa 5, na daraja la kwanza huanzia 4.4. Marekani kikomo cha kawaida ni 4. Basi 3.8 ya Dar ni daraja la pili la juu, ilhali msomaji wa Marekani atadhani ameletewa mmoja wa vinara. Kwenye wasifu wako andika "3.8 kati ya 5.0". Ni maneno machache, lakini yanamlinda mwombaji asije akaitwa mwongo kwa kosa ambalo si lake.

Mwenye cheti cha sekondari cha nje akitaka kusoma Tanzania hukipeleka NECTA kifanyiwe ulinganifu. Shahada ya nje huenda TCU, Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania.