Urafiki wa Mtandaoni na Jirani wa Ukuta Mmoja



Likizo iliyopita nilikuwa nyumbani nikicheza PUBG Mobile na kijana niliyemfahamu kwa jina lake la mchezoni tu. Tulikuwa tumeshacheza pamoja likizo tatu. Jioni moja, saa 12, kengele ya parokia ikalia kwa sala ya Malaika wa Bwana. Niliisikia dirishani, kisha kitambo kidogo baadaye nikaisikia tena kwenye hedifoni, ikitokea kwake. Nikamuuliza, "Kaka, unakaa wapi?" Alikuwa upande wa pili wa ukuta wetu. Familia yake ilipanga nyumba ile nikiwa seminarini.

Wengi niliowasimulia huona kama muujiza mdogo. Sivyo. Taarifa husafiri ndani ya nyaya za kioo kwa takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Seva ikiwa umbali wa kilomita 6,000, kwenda na kurudi ni walau milisekunde 60, mbali na foleni za njiani, na mchezaji anayecheleweshwa hupigwa kabla hajamwona aliyempiga. Ndiyo maana michezo ya namna hii huwakusanya watu kwa kanda. Ukiongeza kwamba watu wa mji mmoja hupata nafasi saa zilezile, baada ya kazi na chakula, kukutana na jirani si ajabu kubwa. Ila mchezo haukuambii ni jirani, na hilo ni jema. Nisingependa mdogo wangu atangaziwe anapokaa. Basi sauti ya kijana yule ilipanda mnarani, ikaenda hadi kwenye seva, ikarudi kunifikia mita chache kutoka ilikoanzia. Ndiyo sababu kengele ilichelewa.

Je, tulikuwa marafiki? Darasani tumesoma Aristotle, katika kitabu cha 8 cha Maadili ya Nikomako, akitofautisha urafiki wa faida, wa raha na wa wema. Ni rahisi kuutupa wetu kwenye fungu la raha na kufunga mjadala. Lakini tulizungumza mengi usiku ule wote, hata juu ya wito wangu. Aristotle anakumbusha pia methali ya zamani kwamba watu hawajuani mpaka wale chumvi pamoja. (Kwetu aliyekula chumvi nyingi ni mzee, kwao ni rafiki.) Hapo ndipo ninapokwama, kwa sababu chumvi tulikuwa tumekula.

Wiki mbili kabla ya kengele ile, rafiki yangu alipotea mchezoni siku 5 bila taarifa. Timu ikashuka kiwango. Nikamwandikia ujumbe mkali kwamba ametutupa na hana utu. Siku hizohizo nyumba ya jirani palikuwa na msiba. Mama alinituma nikasaidie. Nikabeba viti, nikafunga turubai, nikala wali na maharage ya sufuria moja na wafiwa, nikapita kwenye mstari kuwapa mkono wa pole. Mmoja wao alikuwa yeye. Aliitikia kwa kichwa tu, bila neno, nami nikaenda kwa anayefuata. Usiku nikafungua simu kuona kama amejibu.

Hakujibu. Siku ya 6 alirudi, akasema alikuwa na shida kidogo, tukaendelea kucheza. Mchezoni, mtu akikuchosha unazima sauti yake. Pengine ndiyo maana sikufikiri kuuliza ni shida gani.

Kengele ilipokwisha kulia nilizima simu, nikazunguka ukuta na kupiga hodi. Alifungua hedifoni zikiwa bado shingoni. Nikamwomba msamaha kwa ule ujumbe, nikampa pole ya baba yake upya. Mama yake akatuletea chai, akauliza tumefahamiana lini. Tukatazamana, kila mmoja akimngoja mwenzake ajibu.