Mahakama Imemwachia, Mbona Kazini Bado Anaitwa?

Likizo iliyopita nilikuwa nyumbani Bugomora, wilayani Kyerwa. Nikamkuta mjomba ana mfuko wa nailoni wenye karatasi mbili: nakala ya hukumu na barua ya kuachishwa kazi. Alikuwa karani wa ghala katika chama kimoja cha msingi cha wakulima wa kahawa. Magunia yalipungua, akashtakiwa kwa wizi. Mahakama ikamwachia huru kwa sababu ilibainika funguo za ghala zilishikwa na watu zaidi ya mmoja. Wiki chache baadaye chama kikamwita kwenye kikao cha nidhamu. Hakwenda.

"Mwanangu, mahakama imeshanisafisha," aliniambia. "Nikajieleze kwa nani tena?"

Wengi wetu tungejibu hivyo hivyo. Kumbe hapo ndipo watu wanapopotezea kazi.

Mahakama ya jinai inauliza swali moja: je, imethibitika pasipo shaka kwamba huyu ndiye aliyeiba? Shaka ikibaki, mtu anaachiwa. Mwajiri anauliza jingine: je, kuna uwezekano mkubwa zaidi kwamba mfanyakazi huyu alivunja taratibu za kazi? Kipimo chake ni cha chini. Barua ya mjomba haikusema aliiba. Ilisema hakujaza daftari la ghala, na aliwapa wenzake funguo bila maandishi. Hayo hakimu hakuyaamua, maana hakuulizwa.

Nchini Kenya, mwaka 2013, mahakama ya masuala ya ajira ilisema wazi, katika shauri lililoihusu Taasisi ya Elimu Maalumu, kwamba kuachiwa huru kwenye jinai hakumpi mfanyakazi kinga ya moja kwa moja kazini.

Kwetu, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamfunga mwajiri kwanza: mfanyakazi akiwa na kesi ya jinai, asipewe adhabu wala kufukuzwa kwa kosa ambalo kimsingi ni lile lile, mpaka mahakama imalize, pamoja na rufaa. Lakini haisemi kwamba akishinda, mwajiri hana tena la kuuliza.

Kwa watumishi wa umma kinga ni kubwa zaidi. Kanuni zao zinakataza kumwadhibu mtu kwa shtaka aliloachiwa, au linalofanana nalo kimsingi. Anaweza kuadhibiwa kwa kosa jingine tu lililotokana na tukio hilo. Kwa hiyo, mhasibu aliyeachiwa kwa wizi haitwi tena kwa "upotevu wa fedha" ambao ni wizi ule ule uliovalishwa koti jipya. Ila akihojiwa kwa kutotoa stakabadhi, hilo ni kosa jingine.

Hii haina maana mwajiri afanye atakavyo. Sababu ya kumwachisha mtu kazi lazima iwe halali, utaratibu uwe wa haki, na mzigo wa kuthibitisha ni wa mwajiri. Mfanyakazi apewe tuhuma mapema, kwa kawaida si chini ya saa 48 kabla ya kikao, na anaruhusiwa kwenda na mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi. Ndiyo maana kutokwenda ni kosa kubwa. Mjomba angeweza kuuliza kikaoni: mbona wote tulioshika funguo hatukuitwa? Kiti chake kilikuwa kitupu, swali hilo halikuulizwa.

Kosa la pili lilikuwa muda. Mgogoro wa kuachishwa kazi unapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30. Mtumishi wa umma yeye anamaliza kwanza rufaa za ndani ya utumishi. Mjomba alisubiri miezi minne, akiamini hukumu yake ni barua ya kurudi kazini. Tumeenda naye Bukoba kuomba kuongezewa muda, na sababu za kuchelewa lazima ziwe za msingi. "Sikujua" peke yake haitoshi.

Wenzangu, mkirudi makwenu, mtu akija na hukumu mkononi akishangilia, mpongezeni. Halafu mwulizeni: kazini wamekuandikia nini, na barua ni ya tarehe ngapi?