Kuzuia Damu: Huduma ya Kwanza kwa Mtu Aliyeumwa na Mamba

(Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima, Ifakara na Bonde la Kilombero)

Maneno ya somo: jeraha, mshipa, kandamiza, kaza, bendeji, pepopunda. Mwalimu wa darasa, yaandike ubaoni kabla ya redio kufunguliwa. Wanafunzi wayasome kwa sauti mara mbili.

Kaeni vizuri, kila mtu na daftari lake na kalamu yake. Somo la leo ni fupi, lakini ni somo la uhai na mauti. Tutajifunza namna ya kuzuia damu.

Sisi wa bonde hili twaujua Mto Kilombero. Mto huu hutulisha. Hutupa kambale na perege, na mafuriko yake ya masika huacha rutuba katika mashamba yetu ya mpunga. Lakini katika mto huo huo mna mamba. Mvuvi anayesukuma mtumbwi, mama anayechota maji, mtoto anayeoga ukingoni, wote wanaweza kukamatwa. Mungu akijalia, watu hupiga kelele, hupiga maji kwa makasia, na mamba humwachia. Je, mtu huyo amepona? Bado. Ametoka katika kinywa cha mamba, lakini damu yake inamwagika. Hapo ndipo somo letu linapoanza.

Damu ni kiasi gani?

Mtu mzima ana damu kama lita 5. Fikirini dumu la mafuta ya kula la lita 5. Hiyo ndiyo damu yote aliyo nayo. Akipoteza lita 2 hivi, maisha yake yamo hatarini kabisa. Mshipa mkubwa wa paja ukikatika, mtu aweza kufa kwa dakika chache tu, kabla hata gari halijapatikana.

Tazameni jambo hili. Zamani mgonjwa wa upande wa Ulanga alingoja kivuko ili avuke kwenda hospitali Ifakara. Sasa liko daraja kubwa lenye urefu wa mita 384, lililozinduliwa mwaka 2018. Daraja limefupisha safari. Lakini halikuziondoa zile dakika 5 za kwanza pale ukingoni, wakati hapana daktari wala gari. Katika dakika hizo mgonjwa ana msaada mmoja tu, nao ni mikono ya mtu aliye karibu naye. Mtu huyo ni wewe.

Jeraha la mamba likoje?

Mamba ana meno zaidi ya 60. Meno yake ni ya kushika, si ya kutafuna. Hukamata, huvuta majini, kisha hujiviringisha ili kunyofoa nyama. Kwa hiyo jeraha lake lina matundu marefu ya meno, na pengine nyama imechanika na mfupa umevunjika. Tena ni jeraha chafu. Vijidudu vya kinywani mwa mamba na vya maji ya mto huingia ndani kabisa.

Damu itokayo si ya namna moja. Damu nyekundu inayong'aa, inayoruka kwa kufuata mapigo ya moyo, yatoka katika mshipa utokao moyoni. Hiyo ni hatari kuliko zote. Damu nyekundu iliyokolea, inayotiririka bila kuruka, yatoka katika mshipa urudio moyoni. Hiyo nayo yaweza kuua ikiwa nyingi. Damu inayochuruzika polepole hutoka katika vijishipa vidogo, na mara nyingi hukoma yenyewe. Lakini usipoteze wakati kuzitofautisha. Ikiwa damu ni nyingi, fanya kazi.

Hatua za kufuata

Tuseme kijana anavua na mjomba wake. Mamba amemuuma mjomba mguuni, kisha amemwachia. Kijana afanye nini?

Kwanza, amwondoe majini na ukingoni. Mamba aweza kurudi. Amvute mjomba mpaka mahali pakavu, mbali na maji. Mtu mwingine asirukie mtoni bila sababu, wasije wakaumia wawili.

Pili, amlaze chali na kuita watu. Mjomba atasema, "Mpwa wangu, nakufa." Amjibu kwa upole, "Tulia mjomba, nipo nawe, naizuia damu." Mtu mwenye hofu hujitupatupa, na damu huzidi kutoka. Wakati huo huo mtu mwingine atumwe kutafuta chombo cha kumpeleka hospitali.

Tatu, akandamize. Achukue kitambaa kilicho safi kuliko vyote vilivyopo: khanga, shati au kipande cha shuka. Akikunje, akiweke juu ya jeraha, na akandamize kwa viganja viwili, mikono imenyooka, kwa uzito wa mwili wake. Akiwa na mfuko wa plastiki, auvae mikononi kwanza, maana magonjwa mengine huambukizwa kwa damu.

Nne, asifunue. Hili ndilo kosa la wengi. Mtu hukandamiza kidogo, kisha hufunua atazame kama damu imekoma. Damu iliyoanza kuganda hubanduka, na kazi yote hurudi mwanzo. Akandamize dakika 10 bila kuachia. Kama hana saa, ahesabu polepole 1 mpaka 60, mara 10. Ninyi mmejifunza kuhesabu, na hesabu hiyo ina kazi leo. Kitambaa kikilowa, aongeze kingine juu yake na kukandamiza kwa nguvu zaidi. Cha kwanza asikiondoe.

Tano, damu ikipungua, afunge. Afunge kitambaa kile kwa bendeji au kwa ukanda wa khanga, kwa kukaza vizuri, kisha mjomba alale bila kusimama. Kama mguu umevunjika, usinyooshwe kwa nguvu. Uachwe ulivyo, utegemezwe kwa nguo zilizokunjwa.

Kama jeraha ni shimo refu la kinena, la kwapa au la bega, mahali pasipofungika, kijaze kitambaa safi ndani ya shimo mpaka lijae, kisha kandamiza juu yake. Lakini jeraha la tumbo au la kifua usilijaze kitu. Lifunike kwa kitambaa safi, kimbiza mgonjwa. Na kama kitu kimechoma na kubaki mwilini, usikichomoe. Kandamiza pembeni yake.

Ikiwa damu haikomi

Pengine umekandamiza kwa nguvu zako zote, na damu ya mguu au mkono bado inaruka. Au mguu umekatika. Hapo tu ndipo utakapofunga kifungo cha kukaza.

Chukua kitambaa chenye upana wa vidole vitatu au vinne. Usitumie kamba nyembamba, waya wala mshipi wa ndoana, maana hukata nyama. Kizungushe juu ya jeraha, upande wa kuelekea moyoni, kama upana wa kiganja kutoka penye jeraha. Usifunge juu ya goti wala kiwiko. Funga fundo moja, weka kijiti imara juu yake, funga tena, kisha zungusha kijiti mpaka damu ikome. Kifunge kijiti kisijifungue. Mgonjwa atasikia maumivu makali. Mwambie ni lazima.

Sasa sikilizeni sana. Tazama saa, andika wakati uliofunga. Andika kwenye karatasi na kuifunga nguoni mwake, au andika kwa kalamu kwenye mkono wake: "Kifungo, saa 12 na robo jioni." Daktari hana budi kujua, maana kifungo kikikaa zaidi ya saa mbili hivi, mguu wenyewe waweza kuharibika. Wengine huuliza, "Kusoma na kuandika kutanifaa nini uzeeni?" Jibu mojawapo ni hili. Mstari mmoja ulioandika wewe ukingoni mwa mto humwongoza daktari hospitalini.

Zamani ilifundishwa kwamba kifungo kilegezwe kila baada ya dakika chache. Siku hizi haifundishwi hivyo. Ukilegeza, damu hutoka upya na mgonjwa aweza kufa njiani. Kiache mpaka kwa daktari.

Njiani kwenda hospitali

Mtu aliyepoteza damu nyingi hupauka, ngozi huwa baridi yenye jasho, moyo hupiga mbio, na pengine huanza kupotewa na akili. Mlaze, mfunike kwa blanketi au khanga apate joto, na inua miguu yake kidogo kama haikuvunjika. Usimpe pombe. Usimpe chakula wala kinywaji, maana huenda akahitaji kupasuliwa. Mpeleke zahanati, kituo cha afya au Hospitali ya Mtakatifu Fransisko pale Ifakara, popote palipo karibu.

Hata kama jeraha la mamba ni matundu madogo na damu imekoma, ni lazima kwenda. Osha jeraha dogo kwa maji mengi safi na sabuni, kisha nenda. Huko atachomwa sindano ya kuzuia pepopunda na kupewa dawa za kuua vijidudu. Jeraha chafu likishonwa upesi bila kusafishwa vizuri, usaha hukaa ndani. Basi msishangae daktari akiliacha wazi kwa siku kadhaa.

Mambo yasiyofaa

Msipake majivu. Msipake udongo, kinyesi cha ng'ombe, tumbaku wala mafuta ya taa. Najua wazee wetu walifanya hivyo kwa nia njema, na baadhi ya watu walipona. Walipona kwa sababu jeraha lilikuwa dogo, na damu ingekoma yenyewe. Katika jeraha kubwa majivu hayazuii chochote, na udongo na kinyesi vyaweza kuleta pepopunda. Mtu mmoja akikimbilia jikoni kutafuta majivu, dakika mbili zimekwisha, na hakuna aliyekandamiza.

Tena msichanganye mamba na nyoka. Aliyeumwa na nyoka hakazwi kifungo, hachanjwi kwa wembe, wala jeraha halinyonywi. Mvue pete na bangili, mwambie asitembee, fungia mguu kwenye ubao usichezecheze, kisha mbebe hadi hospitali. Sumu ya nyoka wengine, kama kifutu, huzuia damu isigande. Ukimchanja utaongeza damu isiyokoma.

Na mnyama je?

Mwanafunzi aweza kuuliza: mbuzi akikatwa na panga, au kobe akipigwa na jembe wakati wa palizi, tufanye nini? Kanuni ni ile ile. Kandamiza kwa kitambaa safi, dakika 10, bila kufunua. Damu ikikoma, osha uchafu kwa maji safi, na umweke mahali pakavu pasipo nzi, maana nzi hutaga mayai katika jeraha na funza hutokea. Gamba la kobe ni kiungo hai. Lina mfupa na lina damu, na likipasuka humuuma. Usimpake mafuta ya taa wala kumrudisha majini damu ikitoka. Mpelekee habari bwana mifugo, na kwa kobe, ofisi ya wanyamapori, kwa kuwa kobe ni mnyama wa porini na hafugwi bila kibali.

Kinga

Kinga ni bora kuliko tiba. Msichote maji wala kuoga mtoni wakati wa machweo na usiku. Msisimame mahali pale pale kila siku, maana mamba hujifunza mazoea ya watu. Chote maji kwa kopo lililofungwa kwenye mti mrefu. Kijiji kikiweza, kizungushe uzio wa miti imara mahali pa kuchotea. Watoto wasiende mtoni peke yao. Mitumbwi isijazwe mno.

Maswali ya darasa

1. Mtu mzima ana damu lita ngapi?
2. Utakandamiza jeraha dakika ngapi bila kufunua? Utahesabuje kama huna saa?
3. Kifungo cha kukaza hufungwa wakati gani? Utaandika nini?
4. Kwa nini aliyeumwa na nyoka hakazwi kifungo?

Kazi ya nyumbani: mkunje khanga, mkae wawili wawili, mmoja awe mgonjwa. Kandamizeni mguu wake na kuhesabu dakika 10 kamili. Mtaona mikono inachoka mapema. Jifunzeni kupokezana bila kuachia jeraha. Kifungo cha kukaza msijaribu kukikaza kwa mtu mzima wa afya, fanyeni juu ya gogo. Kisha kila mmoja amfundishe mtu mmoja nyumbani kwake ambaye hakuja darasani leo, hasa anayekwenda mtoni.